Mguu Wangu na Utani wa Msibani

Kama unasoma hii ukiwa wodini, mguu wako umening'inizwa juu kama paja la ng'ombe buchani, basi nimekuandikia wewe. Wengine pia msome, ila msicheke sana, mwenzenu alikuwa anaumwa.

Mimi ni fundi wa kupaua, mtu wa Matogoro, Songea. Shule niliishia kidato cha pili. Sikufukuzwa. Shule na mimi tulichokana siku moja, kila mtu akashika njia yake. Kwa hiyo usitegemee nikueleze mfupa unaungaje, hilo muulize dokta. Mimi nitakueleza kungoja. Kuumia kunachukua muda wa kupiga chafya. Kungoja ndiyo ugonjwa wenyewe, na mimi Longino sijaumbwa kwa kungoja. Hata ubwabwa ukiwa jikoni nafunua sufuria mpaka mke wangu ananipiga na mwiko.

Niligongwa Oktoba, mvua zikinukia. Mwezi huo ndio kila mtu anakumbuka kwamba nyumba yake haina paa, kwa hiyo fundi halali. Nilikuwa nasukuma baiskeli kushuka Majengo, nimepakia mbao za mteja, nimezikaza kwa mpira, na nyuma nimefunga kitambaa chekundu ili watu waone. Kitambaa chenyewe kilikuwa kipande cha kanga ya mke wangu Winfrida. Nilikichana bila kumwambia, na nadhani laana ilianzia hapo. Likaja lori la mahindi. Likataka kunipita mahali ambapo hata mbuzi angeomba radhi kwanza. Likazoa mbao, na mbao zikanizoa mimi.

Nilipofumbua macho nilikuwa mtaroni. Uso wangu unaangalia Majengo, mguu wa kulia unaangalia kama unataka kwenda Namtumbo. Aliyenifikia wa kwanza alikuwa mama mmoja mtu mzima, na neno langu la kwanza lilikuwa, "Shikamoo mama." Sijui kwa nini. Ndivyo nilivyolelewa. Akaitikia marahaba, ndipo akaanza kulia.

Polisi walinipa fomu ya PF3, bila hiyo hutibiwi ajali. Nikapasuliwa, nikawekewa vyuma, na juu yake baadaye hogo jeupe la plasta kutoka kwenye nyonga mpaka kwenye vidole. Wodini nililala chali wiki hata sikumbuki ngapi. Wenzangu walikuwa wanaangalia dari wanasali. Mimi nilikuwa naangalia dari naona kenchi za paa zimepigwa vibaya, mbao moja imepinda, misumari imeingia kwa hasira. Mikono ilikuwa inaniwasha. Mvua zikaanza, nikawa nasikia bati zinavyopigwa, nawaza nyumba ya yule mteja, boriti zake zinalowa kule Majengo. Usingizi ukanikimbia. Nilikuwa namwamsha wa kitanda cha jirani kumuuliza kama na kwake kunavuja.

Kila asubuhi dokta alipita na wanafunzi wake. Ananiuliza, "Longino, unaendeleaje leo?" Namjibu, "Fresh, dokta. Nipe ngazi tu nikurekebishie hii dari." Wanafunzi wanacheka, dokta anacheka, anaandika kwenye faili, anakwenda kwa mwingine. Kumbuka hilo la faili. Mimi sikulikumbuka.

Ndani ya hogo ngozi ilikuwa inawasha kama imelala na siafu. Winfrida aliniletea njiti ya ufagio wa chelewa, nikawa najikuna hadi chini. Siku walipolifungua nilitaka kumwuliza nesi mguu wangu wameupeleka wapi, maana kilichokuwa pale kilikuwa mpini wa jembe wenye manyoya. Paja limeisha. Ngozi inabanduka kama ya kiazi kilichochemka. Goti nikiliambia kunja, linaniangalia tu kama mtoto asiyenijua. Nikawaambia watu wa wodini kwamba nimezaa. Wakacheka. Winfrida hakucheka. Alikuwa anaupaka mafuta huo mguu taratibu, anatazama ukutani.

Sasa nikueleze habari ya Mzee Mgaya, maana bila yeye hii simulizi haina kichwa. Mzee Mgaya alikuwa Mbena, seremala, karakana yake iko jirani na kwangu. Sisi Wangoni na Wabena ni watani. Zamani mababu zetu walipigana, wakachoka, wakaona vita wamalizie kwa matusi, na mpaka leo tunaendelea. Mzee yule kila asubuhi akiniona lazima anitukane ndipo chai ishuke. Nilipoumia alikuja hospitali amevaa koti lake la mazishini kabisa. Akasimama miguuni kwangu, akauangalia mguu, akasema kwa sauti ya kusikika wodi nzima, "Mikuki yenu ilitusumbua miaka mingi. Leo Mungu ametuletea lori." Wagonjwa walicheka mpaka mmoja mshono ukamuuma. Halafu akavuta kutoka nyuma ya mlango magongo mawili, ameyachonga mwenyewe, ameyapiga msasa yakawa laini kama mgongo wa kijiko, sehemu ya kwapani ameweka kitambaa cha godoro. Akasema ni mkopo, nikifa yarudi. Nikamwambia atatangulia yeye. Tukaachana hivyo, kwa furaha.

Nyumbani kulikuwa hakukaliki. Sikukuu ya Noeli niliila nimekaa mlangoni, mguu juu ya ndoo. Mwenye lori alikuwa amekuja kutupa pole, na mfuko wa sembe na jogoo mwekundu. Ni mtu wa jumuiya moja na sisi, anasali misa ya kwanza. Kaka yangu Menas akaona hapo mambo yameisha. Kwetu mambo mengi yanaisha hivyo. Mtu anakuja, anakaa kwenye mkeka, anainamisha kichwa, mnakula pamoja, basi. Tulimchinja jogoo. Nilipewa paja, nikasema ni la kufidia langu.

Lakini sembe iliisha na mguu haukuisha. Mwanangu Teofrida alirudishwa nyumbani kutoka shule kwa sababu ya sare. Winfrida akawa anatoka alfajiri kwenda shambani, akirudi anakaanga maandazi ya kuuza, akimaliza ananiogesha. Ndipo yeye, siyo mimi, akasema twende kwa wakili wa msaada wa kisheria. Menas alikasirika. Alisema unamshtakije mtu mnayepeana naye amani kanisani, na jogoo wake mmekula. Winfrida akamjibu kwamba jogoo amekwisha liwa, mguu ndio umebaki, kama shemeji anataka aje abadilishane. Menas aliondoka na masika yote hakukanyaga kwetu. Kanisani alihamia mabenchi ya mbele ili asituone.

Wakili alikuwa dada mdogo, mpole, anaandika kwa haraka. Mimi nilidhani kesi ilishaisha, maana dereva alishapelekwa mahakamani na polisi, akakiri, akalipa faini. Nikamwambia, "Dada, mimi nimekuja kuulizia ile faini yangu." Akanieleza kwamba ile ilikwenda serikalini. Ya kwangu ni kesi nyingine, ya madai, na lori lilikuwa na bima, kwa hiyo huko mbele nitakutana na watu wa bima.

"Sasa mguu kama huu ni bei gani?" nikamuuliza.

"Mguu hauna bei, kaka Longino. Mahakama itauliza ulikuwa unafanya nini na huo mguu, na sasa hufanyi nini."

Akanipangia kwa vidole. Kuna gharama ulizolipa, hizo uwe na risiti, bila risiti hakuna. Kuna kazi uliyopoteza na utakayoipoteza, hapo wanaangalia umri wako na ufundi wako. Kuna asilimia ya ulemavu, hiyo anaiandika dokta. Halafu kuna maumivu. Hayo hayana risiti wala asilimia, hakimu anayapima kwa akili yake na kwa kile atakachokiona na kukisikia. Nikamwambia kama ni kusikia, basi kazi ipo, maana mimi nikianza kuongea hanyamazi mtu. Akanitazama kwa wasiwasi. Sasa hivi ndiyo naelewa ule wasiwasi.

Juni, baridi ile ya Songea inayoingia mpaka kwenye meno, Mzee Mgaya akafariki. Kifua kilimsumbua siku chache tu. Nilipata habari nikiwa kitandani na mguu umenishika vibaya, kwa sababu baridi na vyuma ni ndugu. Winfrida akasema nisiende. Nikamwambia haiwezekani. Mtu akifa watani wake wasipofanya utani, amezikwa kama mbwa. Nani atadai malipo kaburini? Nani atamsema? Mimi ndiye niliyekuwa mtani wake mkubwa, na juu ya hapo nilikuwa nasimama kwa magongo yake.

Nikaenda. Msiba umejaa, watu wamejifunga mashuka, mjane amekaa ndani analia sauti imekauka. Nikaanza kazi. Nikalala mlangoni nikasema jeneza halitoki mpaka Wabena walipe deni la pombe ya ulanzi ya marehemu. Nikavaa koti lake. Watu wakaanza kutabasamu, ila mjane bado. Sasa Mzee Mgaya alikuwa na mwendo wake: mikono nyuma, kifua mbele, kama mkaguzi wa gwaride la kuku. Ule mwendo ukiwa na magongo hauwezekani. Nikayatupa. Nikaweka mikono nyuma, nikatoa kifua, nikakagua waombolezaji kuanzia kwenye turubai mpaka jikoni, nikigeuka namkaripia mtu kwa Kibena changu cha kubahatisha. Msiba wote ukaanguka kicheko. Mjane alitoka mlangoni kuona kuna nini, akaniona, akashika mdomo, akacheka huku machozi yanamtoka. Mimi nikasema hapo, Mgaya, deni la magongo nimelipa.

Nilipopita kona ya jiko, mahali watu hawanioni, nilianguka kwenye majivu. Kitu kilikuwa kimelia ndani ya mguu kama msumari unaong'oka kwenye mbao mbichi. Winfrida alinikuta hapo. Watani wa Kibena wakaenda kutafuta usafiri, na toroli pekee la karibu lilikuwa la Menas. Alikuja nalo mwenyewe, hajaniongelesha tangu masika, akanipakia kama gunia la mahindi, akanisukuma mpaka barabarani huku anagomba njia nzima kwamba mimi sina akili, kwamba marehemu mama alijua, kwamba hili toroli ni la mbolea. Ndivyo tulivyopatana.

Chuma kilikuwa kimepinda na mfupa umehama. Nikapasuliwa tena. Safari hii mguu ulirudi mfupi kuliko mwenzake, na goti likagoma kukunja moja kwa moja. Dokta aliniuliza unaendeleaje. Nikamwambia fresh.

Mahakama na hospitali ni ndugu wa tumbo moja. Mabenchi yaleyale magumu, watu walewale wanaoangalia mlango, na sauti inayoita majina ikiita jina la mwenzako. Tulianza kwenda wakati wa vumbi, tukaendelea mpaka matope. Leo hakimu yuko safari. Leo wakili wa bima kaomba ahirisho. Leo umeme. Mimi kukaa siwezi, nikawa natembea kwenye korido na magongo, ko ko ko, mpaka karani akaniambia baba, unatupigia saa ya ukutani. Nilishajua paa la mahakama lote linavuja wapi. Nilikuwa naogopa kitu kimoja tu. Kupaua sitapaua tena, hilo nililijua moyoni ingawa sikulisema. Hakimu asiponiamini, Winfrida atakaanga maandazi mpaka uzeeni kwa ajili ya mtu aliyekaa mlangoni na ndoo.

Siku ya ushahidi ikafika, mvua zimekaza. Hakimu alikuwa kijana mkimya, mtu wa Kanda ya Ziwa, hacheki. Aliponiona na magongo akasema nipewe kiti nitoe ushahidi nimekaa. Nikamwambia, "Asante mheshimiwa, nimekaa mwaka mzima, niache leo nisimame nijisikie mtu." Watu wakacheka. Wakili wangu akaangalia chini.

Wakili wa bima alikuwa bwana mstaarabu, suti nzuri, sauti ya pole. Akaanza na jogoo. Akauliza kama ni kweli nililetewa jogoo na sembe na nikapokea. Nikasema ni kweli, na alikuwa mgumu kidogo. Kicheko. Akaja kwenye mbao, kama hazikuwa zimetokeza barabarani. Nikasema zilitokeza, ndiyo maana nikachana kanga ya watu. Kicheko. Akaja kwenye faili la hospitali, akasoma: mgonjwa anaendelea vizuri. Akafunua kwingine: mgonjwa anaendelea vizuri. Akauliza nani alimwambia dokta hivyo. Nikasema mimi. Hapo sikupata kichekesho haraka.

Ndipo akatoa simu. Mtu fulani msibani alikuwa amechukua video, na video ilishatembea Songea nzima, watu wanacheka, mpaka ikafika bima, ambao hawakucheka. Hakimu akaonyeshwa. Mimi naonekana vizuri kabisa, koti la marehemu, mikono nyuma, nakagua gwaride.

"Huyu ni nani?" wakili wa bima akaniuliza.

"Ni mimi."

"Unafanya nini?"

"Namwiga marehemu."

"Magongo yako wapi?"

"Nimeyatupa."

"Kwa hiyo bila magongo unatembea."

"Hata kuku aliyechinjwa anatembea, mheshimiwa wakili."

Chumba kizima kikalipuka. Askari wa mlangoni alijifanya anakohoa. Wakili wangu alifumba macho. Nilitaka kueleza kilichofuata baada ya kona ya jiko, na nilianza, lakini nilipofika kwenye majivu watu wakacheka, nilipofika kwenye toroli la mbolea wakacheka zaidi, na nikausikia mdomo wangu mwenyewe unawafuata watu badala ya kunifuata mimi. Yule bwana wa bima alikuwa ametulia, anakunja karatasi zake. Alikuwa ameshinda na alijua. Mtu anayechekesha mahakama nzima anaumwa nini? Hakimu akaandika, akaniambia nishuke. Nikaenda kuegemea ukuta wa nyuma, jasho linanitoka na baridi ilikuwepo.

Akaitwa Winfrida. Mke wangu siyo mtu wa maneno. Alikula kiapo kwa sauti ndogo mpaka hakimu akamwambia aongeze. Wakili wetu akamuuliza kama mume wake ana maumivu.

"Anachekesha," akasema.

Wakili akadhani hakusikia swali, akalirudia.

"Nimesikia, dada. Nakujibu. Huyu akiwa mzima ananuna kama wanaume wengine. Anadai chumvi, anagombana na redio. Akiumwa ndiyo anachekesha. Alipojipiga nyundo kidole kikasagika, tulicheka mpaka mtoto akapaliwa. Siku aliyofiwa na mama yake, nyumba nzima ilikuwa inashika mbavu. Mheshimiwa, mimi nimeishi naye, nimeshamjua. Akinyamaza, nalala. Akianza vichekesho, nakwenda kuchemsha maji ya kumkanda."

Akavuta ncha ya kanga.

"Hiyo video mnayoiona, alikuwa hajawahi kuchekesha vile. Nilipomwona tu nikaacha sufuria nikamfuata nyuma ya jiko. Nilijua nitamkuta chini. Na leo, tangu asubuhi, amechekesha mahakama yenu yote."

Hakuna aliyecheka. Mvua ilikuwa inapiga bati, na kwa mara ya kwanza sikuisikiliza.

Hakimu aliacha kalamu. Akamuuliza kwa upole kama ana la kuongeza.

"Ulimpa kiti, mheshimiwa, akakataa. Akikaa hawezi kuinuka mwenyewe, goti halikunji. Mpaka nimshike mkono. Hataki watu waone."

Watu wote wakageuka kuniangalia pale ukutani. Nilikuwa na kichekesho tayari mdomoni, kizuri, mpaka leo nakikumbuka. Nikakimeza. Wakili wa bima alisimama kumhoji, akaangalia karatasi zake, akasema hana swali. Hakimu aliandika muda mrefu sana.

Baadaye dokta naye aliitwa. Akaeleza mguu umefupika kiasi gani na goti litabaki hivyo, akataja asilimia ya ulemavu wa kudumu. Aliulizwa kuhusu yale maneno ya faili. Akasema aliandika alichoambiwa, halafu akaniangalia mimi kama mwalimu wangu wa kidato cha pili.

Hukumu ilisomwa baridi iliporudi. Menas alikuja, amevaa koti, akakaa upande wetu. Nitakueleza ilivyokwenda, maana hilo ndilo watu mnaniuliza. Gharama zenye risiti nilipewa. Toroli halikupewa kitu kwa sababu Menas hakuandika risiti. Dawa za mizizi za bibi mmoja wa Namtumbo nazo hazikupewa kitu, na kwa kweli hata hazikusaidia. Kuhusu mbao, hakimu alisema na mimi nilichangia kidogo, kwa hiyo kipande kikakatwa. Kuhusu jogoo, alisema huo ulikuwa ubinadamu, mtu kupokea pole siyo kuuza haki yake. Menas aliinamisha kichwa hapo. Akaja kwenye kazi: mtu wa umri wangu, fundi anayeishi juu ya mapaa, mguu mmoja umefupika na goti halikunji, angepaua miaka mingapi kama asingegongwa. Alihesabu kwa uangalifu, kama mtu anayepima kenchi. Akasema anajua habari ya kule kuanguka msibani, ila mfupa usingehama kama lori lisingeuvunja kwanza, na kwamba mgonjwa kwenda kumzika mwenzake siyo uzembe.

Mwisho akafika kwenye maumivu. Maneno yake niliyashika, nimeyarudia mara nyingi nikiwa peke yangu. Alisema, "Mahakama haipimi maumivu kwa sura ya mtu. Wako wanaolia na wako wanaocheka, na mara nyingine anayejua tofauti ni yule anayechemsha maji."

Kiasi sisemi. Watani wangu Wabena wanajua kusoma. Siyo utajiri, ila maandazi sasa tunakaanga ya kula, na nina banda dogo nauza misumari na bati, nawaelekeza vijana wakiwa juu nikiwa chini. Inaniuma kuangalia juu. Nawagombeza mpaka wananiita redio.

Kwa hiyo wewe wa wodini, tunza PF3 yako, tunza risiti hata ya pamba. Na asubuhi dokta akija na wanafunzi wake akakuuliza unaendeleaje, najua ulivyolelewa, najua jibu linalokuja lenyewe. Lizuie. Mwambie inauma wapi na tangu saa ngapi. Shikamoo atapokea, hilo halina tatizo.

Siku ile ya hukumu tulitoka nje kwenye ule ukumbi wa kungojea. Kulikuwa na jua la baridi, watu wamejaa kwenye mabenchi wanasubiri kuitwa. Menas alikwenda kutafuta gari, safari hii la kweli. Mimi nilikuwa nataka kutembea, nataka kwenda popote. Nilishaanza kumsimulia askari wa mlangoni habari ya bima na jogoo, na askari alishaanza kucheka. Winfrida akanishika kiwiko.

"Baba Teo," akasema. "Mguu vipi?"

Nikamwangalia. Askari alikuwa bado anangoja mwisho wa hadithi.

"Unauma," nikasema. "Unauma sana, mama."

Akawaomba wale wa kwenye benchi wasogee.

"Basi kaa," akasema. "Wakati wa kuinuka nipo."

Nikakaa, mbele za watu wote, mguu nimeunyoosha njiani kama mbao iliyotokeza.